Siku Sitini

Saa tisa na robo usiku, Lalín, mvua ya Februari.
Sabela Outeiro amepiga magoti kwenye majani makavu,
mkono wa kulia umezama hadi begani
ndani ya ng'ombe aitwaye Marela.
Anatafuta mguu wa pili.
Wa kwanza anao. Wa pili umejikunja
kama mtoto anayekataa kwenda shule.

Eladio, mwenye ng'ombe, ameshika tochi na mwavuli
na hajui amfunike nani.

Ndama akatoka na ulimi wa buluu, akapiga chafya.
Eladio akalia. Sabela hakulia:
machozi yake aliyaacha Jumatatu
kwa yule mbwa mzee wa duka la mikate,
mengine Jumanne, kwa paka wawili,
na tangu hapo hajarudi kuyachukua.

Anakula juu ya usukani.
Bega linamuuma, mwezi wa tatu sasa.
Lingekuwa la farasi, angelipiga eksirei siku ileile
na kumkemea mwenyewe: "Huyu bado unamfanyisha kazi?"
Lakini ni la Sabela tu, na simu inaita.

Kinyozi hajinyoi, watu husema.
Sawa. Ila kinyozi aliyeota nywele hadi machoni
siku moja atamkata mtu sikio.

Ilikuwa kwenye zizi la Obdulia.
Anaandika maagizo aliyoyaandika mara elfu:
Huyu akaushwe. Siku sitini asikamuliwe.
Kiwele kipumzike, kijijenge upya,
la sivyo maziwa yajayo yatakuwa haba.
Kalamu ikasimama.

Sitini.
Naye amekamuliwa miaka kumi na mmoja mfululizo,
asubuhi, jioni, na sikukuu.

Hakupata sitini, tusidanganyane.
Alipata Alhamisi.
Brais wa Silleda alikubali kubeba simu zake,
naye atabeba za Brais Jumapili;
wakapeana mikono kwenye maegesho
kama wachuuzi wa nguruwe.

Alhamisi ya kwanza aliamka saa kumi alfajiri,
akakaa kitandani amevaa buti.

Ya pili alikwenda Ourense,
kwenye chemchemi za moto kando ya mto Miño.
Akalizamisha lile bega.
Maji yakaingia polepole, yakitafuta
kilichojikunja humo ndani.
Mwanamke wa pembeni akamuuliza kazi yake.
"Leo sina," akasema,
na hapo ndipo alipoyakuta yale machozi, yote,
ya mbwa, ya paka, na mengine ya mwaka juzi
ambayo hakukumbuka ni ya nani.
Mvuke ulikuwa mzito. Hakuna aliyeuliza.

Ijumaa Eladio alipiga simu: Marela ana homa.
Sabela alifika, akanawa, akavua saa,
akatazama bega lake kama anayemtazama mgonjwa,
kisha akatumia mkono wa kushoto.