Tano Mbili

Desemba duka la Thembo halilali.
Kalenda za dayosisi, kalenda za wakulima wa kahawa,
kalenda za mheshimiwa mwenye tabasamu lilelile la mwaka juzi.
Mashine ikakohoa, rangi ikateleza,
na juu ya theluji ya Rwenzori
jua moja likatoka mawili,
la njano na jekundu, bega kwa bega
kama watoto waliogombezwa pamoja.

"Tupa," Thembo akasema.
Nikaikunja, nikaitia kikapuni chini ya matoke,
nikavuka nayo soko la Kasese kama mwizi.

Karatasi haina kosa. Kosa ni kuisomea hapa.
Kuna mahali tarehe zake zimetimia.

Majua nimeyapa majina kwa desturi yetu Wakonjo,
ambao huita mtoto kwa zamu ya kuzaliwa:
la kwanza Masika, la pili Biira.
Masika ni dada yangu. Biira ni mimi.
Masika yuko Muscat, anapiga pasi kanzu za watu,
na saa yake iko mbele ya yangu.

Huko kwenye karatasi hakuna mwezi.
Jua moja likizama jingine liko kazini,
mwezi utaonwa na nani?
Basi miezi yao wanaiita vivuli.
Kila mtu hutembea na viwili, kirefu na kifupi,
na siku vinapolaliana vikawa kimoja
watu hutoka nje na kuambiana: kimeandama.

Saa moja ndiyo iliyonitoa jasho.
Sisi huanza kuhesabu jua likichomoza. Lipi?
Waligombana vizazi saba, kisha wakakubaliana
kila mtu ahesabu kwa jua alilozaliwa nalo,
na ukiulizwa ni saa ngapi, uliza kwanza, "Ya nani?"

Wiki nimeiacha kama ilivyo,
maana yetu tangu zamani ni ya kwao:
mosi, pili, tatu, nne, tano,
halafu Alhamisi, ambayo ukiivua joho la Kiarabu
ni tano tena.
Tano mbili katika wiki moja!
Hakuna aliyekosea. Mmoja alihesabu kwa Masika,
mwingine kwa Biira, wakazitundika zote ukutani
wasije wakavunjiana heshima.

Usiku upo, ila mmoja tu kila vivuli tisa.
Madeni yote husubiri usiku huo.
"Nitakulipa usiku," husema mpangaji,
na mwenye nyumba hutazama juu, akaguna.
Watoto wakiona nyota hulia,
wakidhani bati limetoboka.

Chini, pale Thembo huweka tangazo la saruji,
nikaandika ubeti kwa wasiojua kusoma:

Masika akichomoza, kivuli kaa pembeni,
Biira akitokeza, cha pili kiwe jirani,
Viwili vikijilaza, kimoja kikawa ndani,
Hesabu siku ya kwanza, aliyeko ugenini.

Masika alipiga mwezi huu wa Machi.
Nyuma yake kiyoyozi kilinguruma.
Mkataba ulikuwa miaka miwili, umepita;
tajiri ameongeza muda bila kusema hadi lini,
na pasipoti iko kwenye droo isiyo yake.
Hakulia. Aliuliza tu, "Huko leo ni siku gani?"
Vocha inaliwa. Nikatazama ukutani,
nikamwambia, "Tano."
"Hapa pia tano."
"Ipi?"
Kimya. Halafu nikasikia lile cheko la Kilembe,
la blanketi moja wasichana wawili,
mmoja lazima miguu ibaki nje.

Simu ilipokatika nilitoka uani.
Saa saba mchana, ikweta iko hapo tu;
kivuli changu kilikuwa kimejikunja chini ya ndala.
Nikainua mguu mmoja, nikatafuta cha pili.