Ndoo ya Bluu

Ile ya bluu ilipasuka mwezi wa tatu.
Mama akanunua nyingine Buguruni, nyekundu,
na hakuna aliyemwambia Zamda.

Tulikuwa na mengi ya kujifunza mwaka ule.
Viatu visilale mlangoni.
Mama Sikujua wa chumba cha mbele
asogeze jiko lake ukutani, na akasogeza,
baada ya kuungua mtu.
Tusiseme "ona." Hilo tulilishika wiki moja,
mpaka Zamda mwenyewe aliposema
"jana nimeona tamthilia,"
tukacheka kwa kuibia.

Presha ya macho, walisema hospitali.
Presha gani humpata mtoto wa miaka tisa?

Hatua kumi na nne mpaka chooni,
kumi na tisa kama Vingunguti imenyeshewa
na inabidi kufuata matofali.
Sarafu alizisoma ukingoni kwa kucha;
Mangi wa dukani akakoma kumpunja.

Lakini ndoo tuliiacha na rangi yake.
"Zamda, chota kwenye ile ya bluu."
Hata Baba, asiyeweza kumdanganya
mwenye nyumba siku ya kodi,
naye alisema bluu, macho kwenye cherehani.
Kana kwamba ndani yake imebaki rangi moja tu
na sisi ndio tulioshika mfuniko.

Jumamosi moja akaja Nasri kutoka Mbagala,
miaka minne, mdomo hauna komeo:
"Bluu wapi? Si nyekundu hii!"

Cherehani ikasimama.
Kule relini ilikuwa inapita treni ya mizigo,
behewa juu ya behewa,
nikaomba isiishe.

Ikaisha.

Zamda akapitisha kidole kwenye mkono wa ndoo.
"Ya bluu ilikuwa na waya mtupu," alisema,
"ule uliotukata vidole. Hii ina plastiki.
Nilijua siku ileile ilipoletwa."
Akanyamaza kidogo.
"Nikadhani ninyi ndio mnaitaka ya bluu."

Mama akageuza uso, akatafuta kitu
ambacho hakikuwepo kwenye kabati.

Zamda akachota, akajitwisha,
maji yakimdondokea shingoni,
akaja moja kwa moja katikati yetu
tuliosimama kama vyombo vilivyohamishwa.
"Baba," alisema, "vuta mguu."

Na kweli, mguu wa Baba
ulikuwa njiani.