Sekunde Kumi na Mbili

Nyamizi mhariri kasema: nipe sekunde kumi na mbili.
Hotuba ina saa moja na robo. Nimeivaa masikioni
tangu alasiri, wali umeganda kwenye sahani,
na kila ninapoweka kisu
kinachovuja ni neno lile lile: wao.

Wao wamekula. Wao wanatucheka.
Wao hawajui dagaa ni shilingi ngapi kwa sado.
Wao ni nani, hasemi. Ana haja gani?
Pale Furahisha kila mtu alikuja na wake mfukoni:
mwenye nyumba, shemeji, bwana samaki,
jirani aliyehamia juzi kutoka ng'ambo ya ziwa.
Spika zilielekea Bugando, na mawe
yakarudisha mkia tu wa neno:
ao, ao.

Dakika ya arobaini na moja kuna sauti ya mwanamke.
Haina kipaza. Nimeivuta, nimeipandisha, nimeuchuja upepo.
Ni Kabula Shigela, mwanika dagaa wa Igombe.
Anauliza: ule ushuru mliosema umefutwa,
mbona mizani ya mwaloni bado inaukata?
Na risiti, mbona hazina mhuri?

Swali lina sekunde kumi na tisa.
Jibu lina nne: *Mama, umetumwa na wao?*
Halafu kicheko. Kirefu, kitamu,
cha watu waliosimama juani tangu asubuhi
na sasa wamepewa kivuli.

Kicheko kinakaa vizuri kwenye taarifa ya saa mbili.
Kinapanda, kinashuka chenyewe.
Swali lina kikohozi katikati.

Nimekata.

Kesho yake bodaboda wa Mkuyuni wanaitana, *Umetumwa?*
Imeshachapwa kwenye fulana.
Studio tumewaketisha wageni wawili, saa nzima:
lilikuwa tusi, au utani?
Mmoja upande huu, mmoja upande ule.
Ushuru haukualikwa.

Jioni nikamtuma mwanangu chumvi.
Karudi nayo, kanywea.
Mwenye duka kamuuliza, umetumwa na wao?
na foleni nzima ikaangua.
"Baba, kwani wao ni wewe?"

Swali sijalifuta. Liko kwenye faili la mabaki.
Usiku nimelifungua, nikakisikiliza kile kikohozi
nilichodhani ni vumbi la uwanjani.
Siyo vumbi.
Anasafisha koo,
kama mtu ambaye
ndiyo kwanza anataka kuanza