Dobi wa Shule ya Farasi

Juni ile mto Loire ulikuwa na maji haba,
mchanga umetokeza kama mbavu za punda.
Nilifua kama kawaida. Jumatatu ni Jumatatu.
Mashati arobaini na matatu ya makadeti,
kila moja na namba yake kwa uzi mwekundu ukosini.

Redioni sauti ya kizee ilitetemeka: vita basi.
Josselin, namba kumi na tisa, akaja mbio,
kifungo cha juu kimemdondoka.
"Si wamesema yamekwisha?" nikamwuliza.
"Wamesema, mama. Ila redio yetu sisi imeharibika."
Akacheka peke yake. Kifungo ataleta kesho.

Farasi walishapelekwa kusini. Yalibaki matandiko,
na mzinga wa kufundishia, ule waliouandika kwa chaki:
hapa komeo, hapa shabaha, hapa usiguse.
Risasi waligawana kwa kuhesabu,
mwenye tano akimwonea haya mwenye tatu.

Ng'ambo, vumbi la magari lilianza alfajiri.
Saa sita mchana lilikuwa bado halijakatika.

Usiku wa manane daraja likapaa.
Vioo vyangu vyote vikaingia kwenye beseni la wanga.

Siku mbili. Sitasimulia nisiyoyaona.
Nililala chini ya meza ya kupigia pasi
nikiwatambua kwa sauti: bunduki zao zilikohoa,
zikanyamaza, zikafikiri, zikakohoa tena.
Za ng'ambo hazikuwa na haja ya kufikiri.

Ferréol aliletwa kwa mkokoteni wa mapipa ya mvinyo,
juu ya kidevu nywele saba alizojivunia.
Shati lake nikalifua mara ya pili wiki ile,
kwa maji baridi na chumvi.
Damu haitaki maji ya moto.

Kisha akaja ofisa wao na shati lake mkononi,
mwenye adabu, kofia kaivua.
Akaitazama kamba yangu ya kuanikia.
Akauliza, kwa Kifaransa cha kitabuni,
ni kikosi gani kilichowazuia pale mtoni.
Nikamgeuzia ukosi mmoja, uzi mwekundu.
"Wanafunzi," nikasema.
Akaanza kuhesabu kwa kidole,
akaachia katikati.

Lake nililifua, kazi ni kazi.
Wanga sikutia.

Kumi na moja hayajachukuliwa hadi leo.
Lile la kumi na tisa nililitafutia kifungo,
si cha rangi yake hasa, lakini kinafunga.