Gari Liko Tayari

Baba yangu, Aminirabi wa Majengo,
alikufa mara tisa kabla ya taarifa ya habari.
Alikuwa askari, daktari, karani wa benki,
mlinzi anayesema, "Gari liko tayari, mheshimiwa,"
kisha mlango unafungwa, naye yuko nje.

Sentensi hiyo aliifanyia mazoezi wiki nzima,
akinyoa, akichota maji, akimenya vitunguu,
hadi mama akajibu jikoni, "Basi liondoke!"

Jina lake hupita mwishoni, herufi kama sisimizi,
watu wamekwisha simama, wanatafuta kandambili.

Lakini Jumamosi moja, soko la Kiboriloni,
muuza ndizi aliuvuta mkungu nyuma ya meza:
"Wewe sikuuzii. Ulimtupia mjane vyombo mvuani.
Nimekuona kwa macho yangu."

Baba hakumwambia kwamba ni mchezo.
Alivua kofia. "Nisamehe, mama. Nilikosa."
Akalipa mara mbili, akabeba mshare begani,

na njia nzima, hadi kwenye reli,
alikuwa anacheka bila sauti,
anafuta macho kwa kofia,
na mlima nyuma yake umefunikwa, haupo kabisa,
kama staa aliyechelewa kazini.