Siku ya Thelathini na Moja

Sheria, alisema wakili wa bima, ina huruma ya siku thelathini.
Leseni ikifa, mlango huachwa wazi mwezi mzima
irudi kimya kimya, kana kwamba haikuwahi kutoka.
Dereva wangu Namdev aligonga mtu
siku ya thelathini na moja.

Mahakama ya fidia hapa Solapur ina feni tatu,
moja inazunguka.
Nilikaa chini yake miaka sita iliyopita
upande ule, benchi la wajane.
Leo nimekaa na wenye magari.

Wakasoma hesabu. Naijua kama sala.
Baswaraj, fundi wa cherehani, umri arobaini na mbili,
mapato elfu tisa kwa mwezi,
toa theluthi, alichokuwa akila mwenyewe,
zidisha kwa miezi ya mwaka, zidisha kwa kumi na nne:
laki kumi na elfu nane.

Wangu walimzidisha kwa kumi na tano. Alikuwa kijana kidogo.
Na theluthi yake mimi nilijua ilikokwenda:
chai, tambuu, na ndizi za binti yetu
alizodai amekula yeye.

Fidia ile niliinunulia lori dogo la buluu.
Jina lake nikaliandikisha juu ya kioo cha mbele.
Ndilo lori hilohilo.

Akaja karani wa ofisi ya leseni na daftari,
akalamba kidole, akafunua.
Iliisha tarehe nne Machi.
Ikahuishwa tarehe tisa Aprili.
Na hapo katikati? akauliza wakili.
Hapo katikati, bwana, hakuna kitu.

Hakuna kitu. Ila tarehe nne Aprili, saa mbili usiku,
baiskeli moja, kichwa cha cherehani kimefungwa nyuma kwa kamba,
na mtu.

Mama, uliikagua leseni ya dereva wako?
Niliishika, nikasema. Nilimwona pichani na masharubu yake.
Miaka kumi na minane ameshika usukani,
mikono haikusahau kazi kwa sababu ya kalenda.
Wakili akatabasamu kwa adabu, akaandika.
Nililosema ni kweli. Halikunisaidia.

Nisilolisema, kwa kuwa hakuna aliyeuliza:
siku ya thelathini, alfajiri, Namdev alisimama mlangoni
na fomu, picha mbili, cheti cha macho.
Bai, akasema, nipe leo tu.
Nikamwonyesha magunia ya vitunguu
yaliyokwisha kuanza kutoa maji chini.
Nikamwambia, leseni haiozi.

Jaji akavua miwani.
Kampuni imlipe mjane kwanza, akasema,
kisha ikamdai mwenye gari.
Na mimi, mwenye gari, kichwa kikaitikia chenyewe
kabla sijakumbuka kwamba ni mimi:
ndiyo, mjane asisubiri. Nilisubiri miaka minne.
Nilijifunza kuuza bangili moja moja.

Dawa ya deni kulipa. Lori litapigwa mnada.

Ukumbini Irawwa, mke wa Baswaraj, alikuwa amepotea
na faili lake kifuani kama mtoto mwenye homa.
Nikamwambia: usiende dirisha la kwanza, nenda la pili.
Toa nakala nne, watakwambia tatu.
Jina lako liandikwe kama lilivyo benki, herufi kwa herufi,
la sivyo watakurudisha hadi baada ya sikukuu.
Akasikiliza. Hakunikimbia, wala hakunishukuru.
Akaniazima kalamu, mimi nikasaini yangu, yeye akasaini yake,
kwenye ukingo uleule wa dirisha.

Halafu akauliza, bila kunitazama,
Wewe ya kwako ulinunua nini?

Nje, chini ya mwarobaini, karani alikuwa analowesha gundi
abandike karatasi ya mahakama kwenye kioo,
juu kidogo ya jina.

Kitu cha buluu, nikasema.