Msumari wa Bwalo

Bwalo letu la Varesoja halikujengwa kwa ajili ya kula.
Lilijengwa kwa ajili ya dansi.
Kabaila wa Kijerumani, mwenye ardhi asiyoweza kuimaliza kwa farasi,
alitaka sakafu ya mwaloni na madirisha kumi na mawili
yakitazama ziwa ambalo nusu ya mwaka ni barafu.
Ukutani akapigilia msumari
mnene kama kidole gumba cha mhunzi,
akamtundika babu yake.

Haya niliyakuta. Wenyewe walishaondoka.

Babu aliteremshwa mwaka mashamba yalipogawanywa.
Watoto wa wale waliopiga magoti kuisugua sakafu
sasa waliiwekea viti, wakanywa uji wa shayiri
chini ya taa iliyoundwa kwa mishumaa themanini.
Msumarini akapanda rais.
Vita vikaja, rais akashuka.
Meza zikawa vitanda, na juu ya meza ya sita
daktari mmoja alikata miguu usiku kucha
kwa msumeno wa seremala.
Doa lilibaki. Sisi wanafunzi tuliambiana
ni supu ya bitiruti,
na aliyepangiwa meza hiyo alikula
huku ameinua visigino.

Mimi nililetwa baadaye, nina miaka tisa,
na sanduku la mbao, na kijiko kilichochongwa jina: Maimu.
Mama alikuwa amepelekwa mashariki kwa treni.
Hilo halikusemwa bwaloni.
Bwaloni palisemwa "asante" na "nimeshiba",
na la pili lilikuwa uongo.
Harufu ya kabichi ilifika bwenini kabla ya kengele.
Alhamisi, samaki wa chumvi.
Jumapili, siagi, kipande kidogo kama stempu.
Uku alikibandika chake kwenye mkate mweusi,
akaukunja, akautia ndani ya soksi,
akampelekea dada yake aliyelazwa na surua.
Wanaosema njaa haina adabu
hawakumwona Uku.

Msumarini, siku hizo, alikuwapo mwenye masharubu.
Asubuhi moja tukakuta hayupo,
ameacha ukutani mraba wa rangi safi.
Mkuu wa shule, Bwana Endel Kuusk, akapiga simu wilayani:
anafuata nani?
Wilaya ikajibu: subiri.
Tukasubiri majuma matatu.
Na Hilja mpishi, ambaye tangu vita
alikuwa hana pa kutundika aproni yake,
akaitundika pale.
Ina mafuta, ina mfuko mmoja uliochanika.
Mkaguzi kutoka mjini alipoingia
alisimama mbele yake, kofia mkononi, kwa mazoea.
Kisha akauliza, "Hii ni nini?"
Hilja hakugeuka kutoka kwenye sufuria.
"Aproni. Inakauka."

Hatukucheka. Tuliinamia bakuli zetu
mpaka masikio yakawa mekundu.

Wakapanda wengine, wakashuka wengine.
Sikuwahesabu. Nilihesabu vipande vya mkate.

Leo shule ina watoto thelathini na mmoja,
na Jumamosi bwalo hukodishwa kwa harusi,
kwa hiyo dansi imerudi nyumbani kwake
bila kuomba radhi kwa mtu.
Juzi aliolewa mjukuu wangu Maarja.
Kwenye msumari walifunga puto la rangi ya waridi.
Nilitaka kumwambia kijana aliyelifunga
nani na nani wamewahi kuning'inia pale,
lakini muziki ulikuwa juu, naye alikuwa na haraka.

Uku alinishika mkono. Ana fimbo sasa.
Tukazunguka polepole, kama meza mbili zinazosogezwa,
na tulipofika mahali pa meza ya sita
(meza haipo, zulia limetandikwa)
sote wawili tukainua visigino.

Usiku, nyumbani, nilifungua mkoba nitafute miwani.
Mlikuwa na vipande viwili vya mkate mweusi,
vimekunjwa vizuri ndani ya kitambaa.
Sikumbuki kuvichukua.